Yowe la Mboni

Siku ile mjinga wa Kibuta alikuwa Mboni, na mwenyewe hakatai.

Alitoka shule kama kawaida, akaelekea duka la kijiji kumpelekea mama yake chakula. Mama yake, Mwanaamina, ndiye aliyekuwa muuzaji. Mlango ulikuwa umefungwa. Mboni akachungulia dirishani, akaona kijana amemkaba mama, kisu cha kumenyea mihogo shingoni. Kando yao palikuwa na gunia la sukari, na sukari mwaka ule ilikuwa adimu kama ndevu za kuku.

Mboni akapiga yowe. Ila akawaza: kwa mtu mmoja mwenye kisu, nani atakimbia kutoka shambani? Basi akatia chumvi. Majambazi watatu, wana bunduki!

Watu walimiminika na mapanga na mipini ya majembe. Saburi, mgambo wa kijiji, akapiga goti na kuelekeza gobore mlangoni. Kijana akapiga kelele kutoka ndani kwamba atakayesogea atamkuta mama maiti. Saburi akasema majambazi watatu hawabembelezwi. Atafyatua kupitia mlango huo huo, ubao wenyewe mwembamba.

Gobore halichagui. Likilia, hutawanya vyuma chumba kizima. Mboni alimkimbilia Bi Zubeda, balozi wa nyumba kumi, akamng'ang'ania kanga.

"Bibi, ni mmoja tu. Ana kisu. Bunduki nimeiongeza mimi."

Bi Zubeda alimtazama kama anayetazama ugali ulioungua, kisha akaenda kusimama mbele ya gobore. Akamwamuru Saburi alilaze chini, na watu wote waketi, silaha nyuma yao. Ndipo akazungumza na mlango. Akamwuliza kijana jina. Evodius. Amekula lini? Jana asubuhi. Akamwahidi kwamba hapigwi mtu. Atakwenda polisi Kisarawe kwa miguu yake mwenyewe.

"Mkinidanganya?"

"Chungulia, mwanangu. Wamekaa kama darasa la kwanza."

Uso ukachungulia dirishani. Kisha kisu kikatupwa nje dirishani, na mlango ukafunguka. Mwanaamina akatoka mzima, nyuma yake Evodius, mikono juu.

Mboni, akiwa kifuani kwa mama, bado alijitetea. Angesema ni mmoja, wanaume wangemalizia kwanza kupalilia, waje wakijikokota. Watu wakacheka, wengine wakakubali kwamba mtoto kasema kweli.

Bi Zubeda hakucheka.

"Wangechelewa kuja kumwokoa mama yako," akasema. "Uongo wako uliwawahisha kuja kumwua."