Maji ya Moto Mtaroni

Nashwan alimwaga sufuria ya maji ya moto ardhini bila kusema bismillahi. Hivyo ndivyo balaa lilivyoingia nyumba ile ya Dearborn, na mtu asikudanganye kwamba lililetwa na baridi.

Bomba la majitaka lilikuwa limepasuka chini ya uwanja. Bwana huyu muuza duka, hajashika koleo tangu atoke Yemen, akatazama video mbili tatu akajiona fundi. Ardhi ya Michigan wakati wa theluji ni jiwe, basi akaimwagia maji ya moto ilainike aendelee kuchimba mtaro. Mvuke ulipopanda, kitu kikalia mtaroni, kama paka mchanga.

"Umepiga bismillahi?" mama mkwe wake, Hajja Warda, aliuliza kutoka mlangoni.

"Hajja, majini hayana makaratasi ya kuingia Marekani."

"Wewe uliyapata, yenyewe yashindwe?"

Nashwan akacheka. Akalaza bomba jipya, akaliinamisha kidogo kuelekea barabarani, akaunga viungo kwa gundi, kisha akaziba ncha ya chini na kulijaza maji aone kama linavuja. Aliporudi kutoka kuswali adhuhuri, maji yalikuwa yamepungua nusu. Viungo vikavu. Akainamia mdomo wa bomba, akasikia: glu, glu, glu. Kitu kinakunywa. Harufu ya nywele zilizoungua ikampiga puani. Mwenye akili angekimbia. Yeye akaziba na mdomo wa juu.

Alasiri ile mtoto wao mchanga, Muadh, akaanza kulia, na mkewe Taqiyya alipomfungua nepi akaona lengelenge pajani, halafu jingine, na jingine tena, yakipanda tumboni kama vile mtu asiyeonekana anammwagia maji ya moto taratibu, na kila mtoto alipolia bomba kule mtaroni likagongwa kutoka ndani, ngo, ngo, ngo, huku kwenye tundu la sinki la jikoni mwanamke anahema, ananong'ona kwa Kiarabu cha milimani kwao kabisa: "Nifungulie wangu, nikuachie wako."

"Umesikia?" Taqiyya alinong'ona.

"Bomba nimelipima, limekaa sawa..."

"Nashwan! Yamefika shingoni!"

Hajja Warda akamtupia msumeno. "Kata."

"Hajja, kazi yangu yote ile?"

"Kata, punda wewe! Na bismillahi uiseme safari hii."

Nashwan akashuka mtaroni, akaisema, akakata. Maji yakamwagika, mvuke mwembamba ukatoka, na juu ya theluji zikajichora nyayo ndogo zinazochechemea, mpaka pale nyayo kubwa zilipokuwa zinasubiri. Zikaondoka pamoja, zikazunguka upande wa jikoni.

Ndani, Muadh akanyamaza. Malengelenge yakanywea.

Hajja Warda alifukiza ubani na kusoma mpaka sauti ikamkauka. Nashwan akaunga bomba upya, mkaguzi wa mji akalipitisha, mtaro ukafukiwa. Nyumba ikatulia.

Ijumaa Taqiyya alichuja wali, akabeba maji yake ya moto mpaka kwenye sinki. Kabla hajafungua kinywa kusema bismillahi, tundu likamwambia, kwa adabu kabisa:

"Ngoja kidogo, jirani. Mwanangu anaoga."