Leseni ya Mume Wangu

"Dada, ufundi huu umeshasajiliwa."

"Umesajiliwa na nani? Kuunga mfupa kwa mvumo wa sauti tunajua watu wawili tu hapa duniani, mama yangu na mimi!"

Karani wa Ofisi ya Leseni za Miujiza akageuza kompyuta. Mwepesi, kama wagonjwa walivyozoea kumwita kwa wepesi wa mkono wake, akaiona picha. Alikuwa mchumba wake, Tai, na ile tai yake nyekundu asiyoivua hata kwenye joto.

"Sheria ni mmoja kwa kila ufundi," karani akasema. "Wa kwanza kusajili ndiye mwenyewe. Ukigusa mgonjwa bila leseni ni jela. Labda uwe mke wake. Mke anafanya kazi chini ya leseni ya mume."

Mwepesi alitoka nje akampigia Tai palepale kwenye ngazi.

"Mpenzi, umeamkaje?"

"Nilikupa fomu zangu zenye muhuri wa kufaulu mtihani, jina tu likibaki, unipelekee, kwa sababu mama alikuwa mgonjwa. Ukaandika jina la nani?"

Tai akakohoa kwenye simu.

"Tai, si nakuuliza?"

"Nimefeli mtihani wao mara tatu," Tai akasema. "Baba hanisalimii. Wadogo zangu wote ni mafundi. Nilitaka na mimi niitwe fundi, hata siku moja. Halafu nikawaza, si tunaoana? Changu chako."

"Basi ungeandika langu. Chako changu."

Akakata simu.

Wiki tatu hakupokea simu zake. Alikaa nyumbani akiwarudisha wagonjwa mlangoni, huku mama yake akimwangalia kutoka kitandani. Kiharusi kilikuwa kimemwachia mama maneno machache, na ule mvumo kilikuwa kimeuchukua wote.

Siku ya Alhamisi mchana ujumbe wa Tai ukaingia: *Mwashi kaanguka toka ghorofa ya pili. Paja limevunjika. Nimevuma mpaka koo limekauka, haliungi. Anakufa kwa maumivu. Njoo, nakuomba. Si kwa ajili yangu.*

Mwepesi akautazama ule ujumbe. Mama akamwonyesha mlango kwa kidole.

"Nenda."

Kliniki aliyofungua Tai kwa leseni ile ilinuka rangi mpya. Mwashi alikuwa mezani, saruji bado kwenye nywele, akilia kama mtoto. Tai amesimama pembeni, jasho linamchuruzika. Mwepesi hakumsalimia. Akaweka kiganja juu ya paja, akainamisha kichwa, akaanza kuvuma chini kabisa, kifuani. Mfupa ukaanza kusogea. Ukalia *tak*, ukakaa. Mwashi akashusha pumzi.

"Mungu akubariki, dada yangu."

Mlango ukafunguliwa. Mkaguzi wa leseni, daftari kwapani.

"Nimesikia mvumo mpaka barabarani. Nani kaunga?"

Mwepesi akafungua mdomo.

"Mimi," Tai akamuwahi. "Huyu ni mchumba wangu, kaniletea chakula."

Mkaguzi akalipapasa paja, akatikisa kichwa kwa mshangao. "Miaka kumi na nane ya ukaguzi, sijaona kazi safi hivi. Hongera sana, fundi."

"Asante, mzee."

Mwepesi angesema kweli, angelala rumande. Akaanza kumpangusa mwashi saruji kwenye nywele. Mwashi akawatazama mmoja mmoja, kisha akafumba macho.

Mkaguzi alipoondoka, Tai akapiga magoti.

"Nimekuokoa, mpenzi. Ningefanyaje?"

"Umeniokoa na shimo ulilonichimbia mwenyewe."

"Nioe... yaani, nikuoe. Uwe unafanya kazi yako kwa amani."

"Na wewe?"

"Nitakaa mapokezi. Naapa."

Jioni Mwepesi akamsimulia mama. Mama akalia machozi ya upande mmoja.

"Mwanangu... unampenda?"

"Nilimpenda, mama. Sijui siku hizi ni nini. Lakini nikikaa hapa, mvumo wako unakufa na mimi."

Mama akamshika mkono. Hakuuachia mpaka usingizi ulipomchukua.

Ndoa ilifungwa sebuleni kwa mama, watu kumi na wawili. Baba yake Tai alikuja na suti, akamkumbatia mwanawe mbele ya wote: "Fundi wangu!" Wageni wakapiga makofi. Tai akatazama sakafu.

"Bibi harusi, mbona hucheki?" shangazi akauliza.

"Nimechoka, shangazi."

Walipokaa kwenye viti vyao, Tai akamnong'oneza, midomo karibu na sikio.

"Mke wangu, umenisamehe?"

Mwepesi akamnyoosha tai yake taratibu, kama wafanyavyo wake wanaopenda. Mpiga picha akapiga picha.

"Hapana," akasema. "Kesho tunafungua saa mbili asubuhi. Usichelewe mapokezi."