Picha ya Twiga na Ndama Wake

Nasri na mkewe Swabaha walikuwa na studio ndogo ya picha katika mtaa wa Daraja Mbili. Swabaha alipokea wateja. Nasri aliwapiga picha za pasipoti na za harusi. Miaka hiyo ya tisini serikali ilikuwa imeruhusu biashara huria, na watalii walijaa mjini. Mwenye duka moja la zawadi akawaambia, "Nileteeni picha nzuri za wanyama. Nitazitengeneza ziwe postikadi."

Basi wakaazima pikapu ya shemeji yao, wakaenda hifadhini Momela. Askari wa wanyamapori aliyewaongoza alikuwa mama wa makamo, jina lake Naipanoi.

"Shikamoo, mama," wakamsalimu.

"Marahaba. Karibuni. Leo twiga wako karibu na barabara."

Akapanda nao garini, na kweli hawakwenda mbali. Twiga jike alikuwa akila majani ya mgunga, na ndama wake mchanga yuko kando. Lakini wote wawili walikuwa wamewapa mgongo.

"Mimi nataka nyuso," Nasri akasema. Kabla Naipanoi hajamzuia, akapiga honi na kusogeza gari mbele kwa kasi.

Twiga akashtuka. Akavuka barabara mbio, akapotelea vichakani. Ndama akabaki upande wa pili, anatetemeka. Gari lilikuwa katikati yao.

"Yarabi! Tumemtenga na mama yake," Swabaha akasema.

"Rudi nyuma polepole," Naipanoi akamwambia Nasri. "Haya, zima gari. Msishuke."

Kisha akanong'ona, "Huyu bado ananyonya. Akiwa peke yake, fisi au chui atampata. Ndiyo maana mnyama hapigiwi honi, hafukuzwi, wala harushiwi chakula ili ageuke. Akiacha kula na kukukodolea macho, ujue umemkaribia mno."

"Na mama yake asiporudi?" Nasri akauliza.

"Tusubiri."

Jua likapanda. Ndani ya pikapu joto likawa kali, lakini hakuna aliyethubutu kufungua mlango. Hatimaye vichaka vikatikisika. Twiga akachungulia, akalitazama gari, kisha akavuka taratibu. Akainamisha shingo, akamnusa mwanawe. Ndama akaanza kunyonya.

"Alhamdulillahi," Swabaha akasema huku machozi yakimtoka.

Nasri alikuwa hata hajashika kamera. Naipanoi akamgusa bega. "Sasa piga. Hapo hapo ulipo."

Nasri akapiga kwa lenzi ndefu, bila kusogea.

Postikadi ile ilipendwa sana. Tangu hapo Nasri alisimamisha gari mbali, akazima, akangoja. Wapiga picha wenzake aliwafundisha hivyo hivyo.

Siku moja yeye na Swabaha walimpelekea Naipanoi picha ile ndani ya fremu.

"Asante, mama," Nasri akasema. "Siku ile ungetufukuza, ungekuwa na haki."

Naipanoi aliitazama picha, akatabasamu.

"Amekua huyu," akasema. "Jana alikuwa anakula majani mwenyewe."