Kikohozi cha Chooni

"Hayo maji umeyateka wapi? Usinizungushe, Zuhura."

"Kisima cha gofu la msikiti. Mabomba makavu tangu wiki jana, wifi. Ulitaka tusafishe choo kwa mate?"

Zuwena, mke wa kaka yake, aliduwaa na mwiko mkononi. Kivinje nzima maji yalikuwa yamekatwa, lakini maji ya kisima kile hayakuwahi kupelekwa chooni. Watu waliyateka kwa bismillahi, wakaacha ubani, wakayanywa au wakamwogeshea mgonjwa, basi.

"Kayarudishe! Kisima kile kina mwenyewe."

"Mwenyewe aje adai," Zuhura alicheka, akaimimina ndoo yote ndani ya pipa la chooni.

Adhuhuri tumbo likamkata. Akaenda uani, akasimama mlangoni pa choo, akakohoa. Ndiyo desturi waliyolelewa nayo, maana chooni hakusemwi neno: wa nje hukohoa, wa ndani humjibu kwa kikohozi.

Ndani akakohoa mtu.

Zuhura alingoja akijibana. "Wifi, fanya haraka bwana, nitaadhirika!"

"Unamwita nani?" Zuwena aliitika kutoka jikoni, nyuma yake.

Wakatazamana. Zuwena akamjia kwa kunyata, akamshika mkono. "Akikohoa tena usimjibu," alinong'ona. "Kaka yako akirudi atamwita mwalimu aje asome. Humo usiingie."

Lakini tumbo la kuendesha halina subira. Zuwena alipokwenda kuepua wali, Zuhura akausukuma mlango. Hamkuwa na mtu. Sakafu ilikuwa imelowa, na badala ya harufu ya choo mlinukia udi. Akajifungia, akajisaidia, akatawadha kwa maji ya pipa, baridi kama yametoka kaburini.

Komeo likakataa kufunguka.

Alilivuta, akalipigapiga kwa kopo, akaegemeza bega mlangoni huku harufu ya udi ikizidi kumkaba na maji ya sakafuni yakimpanda vifundoni ilhali pipa halikuvuja wala mvua haikunyesha, na katikati ya hofu ile nje ya mlango mtu akakohoa, naye, kabla hajakumbuka alichoonywa, akajibu kwa kikohozi.

Hapo sauti ikampotea. Alifungua kinywa amwite wifi yake, kikatoka kikohozi. Akajaribu tena. Kikohozi.

Akaweka jicho kwenye ufa wa mlango. Zuwena alikuwa anakuja mbio kutoka jikoni, na mlangoni pa choo alisimama msichana mwenye khanga kama yake, mkono kama wake, shingo kama yake, pindo likichuruzika maji.

"Alhamdulillahi, kumbe hukuingia!" Zuwena alimkumbatia. "Basi humo anakohoa nani?"

Zuhura akakohoa kwa nguvu zake zote.

Msichana akausogelea mlango, akaulaza uso wake kwenye mbao, jicho kwa jicho, na kwa sauti ya Zuhura akasema: "Ni yule yule, wifi. Usimjibu. Lete nyundo na misumari."