Neno Alilolitupa Kuzuhara

Saa nne asubuhi, filamu ikiwa bado haina sauti, Kuzuhara, ndani ya chumba cha kioo cha kuingizia sauti, alisikia sauti yake ikikohoa kwenye spika. Na hakuwa amekohoa.

"Nani huyo?" akauliza Minegishi, muongozaji, bila kugeuka.

"Siyo mimi."

"Basi nani, au ni bibi yangu? Kaa kwenye maikrofoni, mzee wa kulalamika wee!"

Kuzuhara akameza hasira. Miaka kumi na tisa kwenye filamu za watu wazima hapo Tokyo, na miaka yote yeye ni mume anayesalitiwa: anaingia, anaona kitanda, analia, anatoka. Jamani, hata mwenye nyumba wake alimwita Bwana Machozi! Hii ndiyo mara ya kwanza kuwa mhusika mkuu, samurai anayependwa na mzimu wa kike, na jina lake liko juu kabisa kwenye bango. Ilibaki kuingiza sauti tu. Akivuruga, ataitwa mwingine aseme badala yake, naye atarudi kulia mlangoni.

Filamu zao hupigwa kimya, sauti hutiwa baadaye. Ukisahau maneno mbele ya kamera, unachezesha mdomo tu, hata ukihesabu viazi hakuna atakayejua. Kwenye tukio la kitandani Kuzuhara alisahau, na kwa jinsi alivyokuwa amekereka, akatamka lililomjia.

Shizue, aliyeigiza mzimu, akamsogelea. "Kaka, siku ile ulisema nini?" akanong'ona.

"Upuuzi tu. Nilisema nimechoka, anayeitaka nafasi yangu aichukue."

"Nilisikia mtu akikuitikia. Nikadhani ni wewe mwenyewe."

"Usinitanie, Shizue."

"Sikutanii."

Taa zikazimwa. Tukio lile likaja, na chumba kikanuka mafuta ya nywele ya kizamani, mazito, ambayo Shizue hakuwa amejipaka, na mdomo wa Kuzuhara kwenye pazia la filamu ukafunguka kabla yeye hajavuta pumzi, na spika zikasema kwa sauti yake, "Nimechoka mimi, anayeitaka nafasi yangu aichukue," kisha kwa sauti hiyohiyo, taratibu, "Haya," halafu yakafuata maneno ya samurai yote, moja baada ya jingine, yakilia kilio cha kweli ambacho yeye hakukipata miaka yote ya kulia mlangoni, naye akafungua kinywa ayawahi, akasukuma mpaka mishipa ya shingo ikamtoka, hakikutoka kitu.

"Hapo sasa!" Minegishi alikuwa akifuta machozi. "Ulikuwa umeificha wapi sauti hii miaka yote?"

Kuzuhara akapiga kwa viganja kioo kilichomtenga na Minegishi. Shizue alikuwa ameshafika mlangoni.

"Acha fujo, umeshinda! Filamu tatu zijazo ni zako, bwana," akasema Minegishi.

Filamu ilikuwa imeisha, pazia limebaki jeupe. Spika zikakohoa kidogo.

"Asante sana, muongozaji," ikasema sauti ya Kuzuhara kwa adabu. "Kwenye hizo tatu nitakuja peke yangu, bila yeye."