Ukurasa Uliogoma Kubadilika

Lamiley alifika kwa mafundi wa kompyuta wa mtaa wa Circle, pale Accra, jua likiwa utosini. Gauni lake la kaba, mshono wa Kighana, lilimkaa vizuri kiunoni, na kwapani alibana kompyuta. Alikuwa mshonaji, na wateja wake walichoka kusubiri picha za mitindo zifunguke.

"Fundi, kivinjari kinajikokota. Jana bibi harusi kasinzia kwenye kiti changu!"

Okaidja, kijana mrefu mwenye shati lililopigwa pasi kupita kiasi, akacheka. "Kinakwenda kuzileta picha upya kila mara. Ngoja nikiongezee kumbukumbu, kiziweke karibu."

"Kwa nini hakikuziweka tangu mwanzo?"

"Unauliza kama fundi, dada!"

Akabonyeza huku na huku, kisha akajaribu kwa kufungua ukurasa wa mtandaoni wa duka lake mwenyewe. Alionekana yeye na binti anayecheka, na chini yao pameandikwa: Okaidja na Dzigbodi.

"Mkeo?"

"Alikuwa mchumba. Tuliachana mwaka jana. Leo hii namtoa ukurasani."

Kasi ile ilimfurahisha Lamiley. Fundi alimfurahisha zaidi. Ikawa miezi mitatu ya kenkey, ule ugali wa mahindi uliochachushwa, na samaki, na simu za "umekula, mpenzi?", hadi wajomba wa Okaidja wakapanga kwenda Jumamosi kubisha hodi kwa akina Lamiley, kupeleka posa.

Jumatatu, kwa mara ya kwanza tangu siku ile, Lamiley akaufungua ule ukurasa kwenye kompyuta yake. Dzigbodi alikuwa palepale, anacheka. Siku mbili akawa anachungulia, Dzigbodi habanduki. Akapiga simu.

"Ulisema utamtoa Dzigbodi!"

"Nilimtoa siku ileile, mpenzi."

"Namwona hapa, Okaidja! Waambie wajomba zako wasije."

Akakata, akamwambia mama yake wageni hawaji tena, akalia huku anashona. Lakini alikuwa mtu wa kutaka kujua. Kwa nini mtu adanganye jambo ambalo dunia nzima inaliona? Akaazima simu ya mteja, akafungua ukurasa uleule. Okaidja alikuwa peke yake.

Akaibeba kompyuta mbio hadi Circle. Okaidja akaitazama, akajishika kichwa.

"Kosa langu. Nilitaka kasi ikushangaze, nikakizuia kivinjari kisiulize kama ukurasa umebadilika. Kinakuonyesha ulichokiona siku ile."

"Wewe! Kwa hiyo naonyesha wateja mitindo iliyopitwa na wakati? Kirekebishe."

"Kitapungua kasi kidogo."

"Kipungue!"

Akakirekebisha. Dzigbodi akatoweka, lakini Lamiley hakuinuka.

"Siku mbili nimekihoji kioo cha kompyuta, wewe sijakuuliza. Bado unampenda?"

Okaidja akaifunga kompyuta. "Nilimlilia miezi minne, hata duka nikafunga. Nikisema hakuniuma nitakuwa nadanganya. Ila siku hizi nikisikia jambo la kuchekesha, mtu wa kwanza kumtafuta ni wewe."

Moyo wa Lamiley ukalainika. Kwa siku mbili alikuwa akiogopa jibu hilo, na sasa alitamani kulisikia tena. Akampigia mama yake.

"Mama, wale wageni tuliowakataza... Ndiyo, haohao. Wanakuja."

Okaidja akaanza kutafuta namba ya mjomba wake, amwambie safari ya Jumamosi ipo.