Amri ya Sajini Wabwire

Mvua iliwakuta katikati ya mafunjo, mahali ambapo mtu hana pa kurudi wala pa kukimbilia. Asubuhi walipoondoka Majanji, ziwa lilikuwa limetulia, na Okochi, mwenye mtumbwi, alisema watafika kilimani kabla jua halijawa kali. Lakini mwaka ule wa sitini na moja ziwa lilikuwa halisikii la mtu. Lilikuwa limepanda hadi mashambani na kumeza mdomo wa mto Sio, na upepo ulihamisha visiwa vizima vya mafunjo, leo vipo hapa, kesho havipo. Njia ambayo Okochi aliijua tangu utoto ilikuwa imezibwa. Walipogeukia nyingine, nayo ikajifunga nyuma yao.

"Shemeji, hapa mimi sijui tena," alisema Okochi. "Maji imebadilisha kila kitu."

"Piga kafi tu," akajibu Wabwire bila kugeuka. "Mbele naona maji wazi."

Osborn Wabwire alikaa mbele ya mtumbwi, mgongo wima, kama alivyokaa kila mahali. Alikuwa sajini wa Keya, jeshi la Mwingereza, amepigana vita kuu huko Bama, akarudi nyumbani na kovu la shingoni na kelele za amri. Alianza na baiskeli ya kubebea mahindi, akaishia na mashine ya kusaga na lori lake mwenyewe pale Tororo. Tangu mvua hizi zianze alikuwa ameiacha biashara ijiendeshe yenyewe. Alizunguka makanisani akikusanya unga na mablanketi, akawapelekea waliofurikiwa na asimtoze mtu senti. Watu walimpenda, na walimcheka kidogo pia. Walisema Wabwire hata ugali anaula kwa gwaride.

Safari hii lori lisingefaa kitu. Kilima walichokiendea kilikuwa ng'ambo ya Sio, upande wa Kenya, na kilizungukwa na maji pande zote. Habari zilizofika Majanji zilisema kwamba unga umekwisha, na kwamba mwanamke mmoja, Akongo, amekaribia kujifungua, naye amekwisha kupoteza watoto wawili kwa uzazi mgumu. Ndiyo maana Anjeline alikuwa mtumbwini. Alikuwa mkunga wa misheni, mke wa Wabwire na dada yake Okochi. Mumewe alimkataza asije.

"Unga wako hauzalishi mtu, Sajini," alimjibu, akapanda, akaketi juu ya magunia na begi lake la dawa mapajani.

Sasa alikuwa amejifunika gunia kichwani, akiimba wimbo wa kanisani huku meno yakigongana kwa baridi. Maji yaliingia kutoka juu na kutoka pembeni. Wabwire aliyachota kwa kopo na kuyamwaga, akifuta macho ili aone mbele. Hakuona. Ghafla maji yakapasuka karibu naye kabisa, na pua ya kiboko ikatokea ikipuliza.

"Simama!" akafoka.

Mtumbwi ukalala ubavu. Alipogeuka alimwona Anjeline wima juu ya magunia, begi limening'inia mkononi, macho yake kwake yeye. Kisha magunia yote yakaporomoka upande mmoja, yakaenda naye. Kiboko alipiga kutoka chini, mbao zikalia, na wote wakawa majini.

Wabwire alizama, akapapasa, akashika mizizi na gunia. Akaibuka, akavuta pumzi, akazama tena. Aliita jina la mkewe hadi maji yakamjaa kooni. Alipoibuka mara nyingine alimsikia Okochi akilia upande wa mafunjo. Ubao uliovunjika ulikuwa umempasua paja, damu inatawanyika, na mikono yake inateleza. Wabwire alitazama mahali Anjeline alipozamia. Pale palikuwa na mvua tu ikigonga maji. Akamchagua yule aliyekuwa anaonekana, na uchungu wa kuchagua ulimwingia saa ile ile.

Alimvuta Okochi hadi juu ya kisiwa cha mafunjo kilichokuwa kikielea. Hakikuwa nchi kavu. Ukisimama magoti yanazama, kwa hiyo walilala kifudifudi. Wabwire alivua mshipi wake, akaukaza juu ya jeraha, akachana shati lake na kulifunga jeraha.

"Inauma?"

"Inauma sana."

"Vizuri. Ikiacha kuuma, niambie."

Gunia moja la unga lilikuja likielea, likagota kwenye mizizi, naye akalivuta juu. Akarudi majini. Alizunguka kisiwa akipapasa chini yake mpaka mikono ikafa ganzi, na Okochi akamsihi atoke.

"Toka, shemeji. Wewe ukikufa, mimi pia nakufa hapa."

Mvua ilipokatika jua lilikuwa linaelekea kuzama, na upepo ulikuwa unawasukuma kwenda ziwa kuu. Maji ya kunywa hayakuwa shida, yalikuwa kila upande. Chakula alikitafuta ndani ya gunia: unga wa nje ulikuwa umegeuka donge gumu, na donge lile likawa limeulinda wa ndani. Wakala unga mkavu na kutafuna mashina ya mafunjo yaliyo meupe upande wa chini. Okochi alitafuna taratibu, kisha akaacha.

"Shemeji. Kwa nini ulimwambia asimame?"

"Nani?"

"Anjeline. Wewe ulisema simama. Yeye akasimama."

Wabwire alimkodolea macho. Mchana kutwa alikuwa amejiambia kwamba mkewe aliruka kwa hofu ya mnyama. "Nilisema tusimame! Mtumbwi usimame. Uache kafi!"

"Mimi nilijua ni kafi, kwa sababu niko na kafi mkononi," alisema Okochi polepole. "Yeye hakuwa na kafi."

Hapo Wabwire akaelewa, na heri asingeelewa. Kwenye Keya neno lile lilimfikia mtu anayekwenda, naye akakoma. Lakini nyumbani kwake lilikuwa neno la sala ya jioni. Watoto wakiwa wameketi, mama yao ameketi, yeye husema "Simama!" kwa sauti ile ile ya jeshini, na nyumba nzima inainuka. Miaka yote hiyo Anjeline alikuwa ameinuka kwa neno lile. Wabwire aliuma mkono wake ili asipige ukelele, lakini ukelele ulitoka.

Okochi alimwacha alie. Yeye mwenyewe alilia chini chini, paji la uso juu ya mafunjo. Kisha akasema, "Tutasema ni kiboko. Mama moyo yake si mzuri, hii itamuua. Na kiboko alikuwako kweli."

Wabwire aliitikia kwa kichwa tu, na gizani Okochi hakuona kama ameitikia.

Asubuhi Okochi alikuwa na homa na paja limevimba, lakini liliendelea kuuma, na Wabwire alilishukuru kwa hilo. Upepo uligeuka. Sasa ulitoka ziwani, ukakisogeza kisiwa kurudi nchi kavu, na kilima kikaonekana, na moshi juu yake. Wabwire alimimina unga uliobaki ndani ya shati la Okochi na kulifunga, akalifunga gunia tupu kwenye bua refu, akapiga magoti ndani ya maji na kulipunga. Alipunga hadi bega likakataa, akabadilisha bega. Mwishowe mtumbwi ukatoka kilimani.

Ndani yake kulikuwa na mzee mmoja, Emojong, na mwanawe. Hawakuuliza habari za unga.

"Mkunga ni nani kati yenu?" aliuliza Emojong, kisha akaona ni wanaume wawili tu. "Basi haidhuru. Akongo amejifungua alfajiri. Mama yake ndiye alimpokea mtoto. Msichana, analia vizuri."

Wabwire alitaka kufurahi. Aliijua furaha inavyotakiwa kuwa, na aliitafuta moyoni mwake, lakini alichokipata ni kwamba Anjeline angeweza kubaki nyumbani. Alimkabidhi Emojong ule unga. Kilimani waliupika uji mwepesi, kila mtoto akapata. Mchana ule ule vijana wa kilimani walimkuta Anjeline kwenye mafunjo, mkanda wa begi umezunguka mkono wake.

Walimvusha kwa mtumbwi wa Emojong hadi Majanji, nyumbani kwa mama yake, alale hapo kidogo kabla ya kupelekwa Masinya, kijijini kwa mumewe, kuzikwa. Habari ya kiboko ilikuwa imetangulia. Okochi, amelazwa mkekani, aliisimulia kila aliyekuja, na waombolezaji wakamlaani mnyama yule kwa lugha zote za mpaka.

Wabwire alikuwa amewekwa mbali, na wanaume, kama inavyompasa mkwe. Kwa Wasamia mkwe na mama mkwe hawapeani mkono, hawaketi pamoja, na wakikutana njiani mmoja huacha njia. Tangu aoe hakuwa amewahi kukaribia mlango wa Taaka, mama mkwe wake. Siku ile aliinuka mbele ya watu wote, akaenda mpaka mlangoni, akageuza uso pembeni.

Okochi alimwona. "Shemeji, hapana," alisema. "Shemeji!"

"Mama," alisema Wabwire. "Kiboko alikuwepo. Lakini mimi ndiye niliyesema simama. Nilitaka mtumbwi usimame. Anjeline akasimama yeye."

Kilio cha uani kilikatika. Kutoka ndani sauti ya bibi kizee iliuliza, "Hakuuliza kwa nini?"

"Hakuuliza, mama."

"Huyo mtoto," alisema Taaka, "tangu udogo yake, nikimtuma maji, kwa nini. Nikimwambia lala, kwa nini. Miaka yote mimi sijapata kumwambia kitu kimoja bila kuniuliza." Alipumua kwa shida. "Wewe hakukuuliza."

Wabwire hakujua kama amelaumiwa au amesamehewa, na hakuuliza. Aliketi chini pale pale kizingitini, sajini mzima, akalia kwa sauti mbele ya watu. Taaka alitoka akijishika ukutani, akaketi mavumbini kando yake, bega kwa bega, na hakuna aliyethubutu kuwaondoa.